Mashine Ikija, Nani Analipa?

Ndugu Mwenyekiti, viongozi wa vyama vya wafanyakazi, waajiri mliokubali kuja kuketi nasi, walimu wa vyuo vya ufundi, vijana, mabibi na mabwana. Nawashukuru kwa kunialika.

Nimeombwa niseme juu ya teknolojia na ajira. Kila ninapokutana na mada hii huwa imeshakuja na swali lake: je, mashine zitatumalizia kazi? Wapo wanaojibu kwa hofu na wapo wanaojibu kwa matumaini, na pande zote mbili hazikosi takwimu. Mimi leo naomba tuliweke swali hilo pembeni, tuulize lingine ambalo naamini ndilo linaloamua maisha ya watu: teknolojia mpya inapoingia kazini, gharama ya mabadiliko humwangukia nani?

Maana gharama haikosi. Yuko atakayeona ujuzi alioujenga maisha yake yote hauna tena mnunuzi. Yuko atakayelazimika kuhama. Yuko atakayerudi darasani huku ana watoto wa kusomesha. Na nikiitazama historia ya zaidi ya miaka mia mbili, naona mzigo huo umewaangukia hasa wale ambao hawakuwepo mezani mambo yalipopangwa, au walifika mezani wakiwa wameshachelewa. Hilo ndilo nililokuja kulisema.

Twende Uingereza, mwishoni mwa karne ya 18. Usokotaji wa pamba ulikuwa umeingia viwandani, na nyuzi zikawa nyingi na za bei nafuu. Wafumaji wa mkono, waliofanya kazi majumbani mwao, walineemeka: nyuzi tele, soko la vitambaa linapanuka, ujira mzuri. Watu wakamiminika katika ufundi ule. Kwa hiyo teknolojia ya kwanza, ile ya kusokota, iliwaongezea kazi. Ya pili ndiyo iliyowamaliza. Edmund Cartwright alipata hataza ya mtambo wake wa kufuma mwaka 1785, lakini ilichukua miongo kadhaa mtambo huo kukomaa. Katika kipindi hicho ujira wa mfumaji wa mkono ulianza kuporomoka. Mwaka 1808 wafumaji walipeleka ombi Bungeni, wakitaka itungwe sheria ya kima cha chini cha ujira. Bunge likakataa.

Miaka mitatu baadaye, 1811, katika eneo la Nottingham, watu wakaanza kuvunja mashine usiku, wakijiita wafuasi wa Ned Ludd, kiongozi wa kubuni. Nataka tuwatendee haki watu hawa, kwa sababu hadi leo jina lao, "Luddite", hutumika kumkejeli yeyote anayehoji teknolojia. Wavunjaji wa Nottingham walikuwa mafundi wa kufuma soksi, na mashine ya kufuma soksi ilikuwepo tangu karne ya 16. Walikuwa wameitumia maisha yao yote. Mikono yao iliijua. Walichokipinga ni wenye mali kushusha ujira, kuajiri watu wasiopitia uanagenzi, na kutoa bidhaa hafifu zilizowaharibia soko mafundi wote. Yalikuwa madai ya kazi, kama yale mnayoyaandika ninyi kwenye mikataba yenu. Serikali iliwajibu kwa kupeleka askari, na mwaka 1812 Bunge likapitisha sheria iliyofanya kuvunja mashine kuwa kosa la kunyongwa. Mshairi Byron alisimama katika Bunge la Mabwana kuipinga. Haikusaidia.

Sasa tazameni kilichofuata. Katika miaka ya 1820 inakadiriwa kulikuwa na wafumaji wa mkono wapatao 240,000 nchini humo. Haikupita miongo mingi, wakabaki wachache. Je, kazi za nguo zilikwisha? Hapana. Viwanda vya nguo viliajiri watu wengi mno, wengi wao wanawake na watoto, kwa ujira mdogo. Ukijumlisha idadi ya ajira huoni msiba wowote. Msiba unauona ukimfuata mfumaji mmoja nyumbani kwake, uone anafanya kazi saa nyingi zaidi kila mwaka kwa pesa chache zaidi. Mwanahistoria wa uchumi Robert Allen alikadiria kwamba kati ya 1780 na 1840 uzalishaji wa kila mfanyakazi Uingereza uliongezeka kwa asilimia 46, ilhali mshahara halisi uliongezeka kwa asilimia 12 tu. Sehemu kubwa ya faida iliyobaki ilikwenda kwa wenye mitaji. Baada ya hapo mishahara ilianza kupanda kwa kasi, ni kweli, na waliofuata waliishi vizuri kuliko babu zao. Lakini miaka 60 ni umri wa mtu. Kila mnapoambiwa kwamba mwishowe mambo hujipanga yenyewe, naomba mkumbuke umbali wa mwisho huo.

Nimeanza na kisa cha walioshindwa. Kipo kingine ambacho nadhani kinatufaa zaidi, na nitakaa nacho kidogo.

Kabla ya kontena, meli ilipakiwa gunia kwa gunia, pipa kwa pipa, kreti kwa kreti. Makuli waliteremka kwenye tumbo la meli na kupanga shehena kwa mikono, na meli iliweza kukaa gatini siku nyingi kuliko ilizokaa baharini. Tarehe 26 Aprili 1956 meli iitwayo Ideal X iling'oa nanga Newark, Marekani, kuelekea Houston, ikiwa na kontena 58 sitahani. Ulikuwa mradi wa mfanyabiashara wa malori, Malcom McLean. Hesabu za wakati ule zilionyesha kwamba kupakia tani moja ya shehena kwa njia ya kawaida kuligharimu dola 5.86. Kwa kontena ilikuwa chini ya senti 16. Tofauti ya namna hiyo haizuiliki kwa mabango.

Katika pwani ya magharibi ya Marekani makuli walikuwa na chama chenye nguvu, ILWU, na kiongozi wao alikuwa Harry Bridges, mtu aliyeongoza mgomo mkubwa wa bandari mwaka 1934. Kwa miaka mingi chama kililinda kazi kwa kanuni za gatini: idadi ya watu katika kila genge, uzito wa kila mnyanyuo, hata sharti kwamba shehena iliyofika ikiwa imeshapangwa ishushwe chini na kupangwa upya. Kanuni hizo ziliwaweka watu kazini. Lakini Bridges aliona kwamba zinanunua muda tu, na kwamba kila mwaka unaopita muda huo unazidi kuwa ghali. Akawaendea wanachama wake na hoja ngumu: mashine inakuja, na sisi bado tuna kitu ambacho waajiri wanakihitaji, yaani kanuni zenyewe. Tuwauzie, na bei yake tuitaje sisi.

Mkataba ulisainiwa mwaka 1960. Kontena zilikuwa zimeanza kuonekana upande wa Pasifiki miaka miwili tu kabla yake. Waajiri walipata uhuru wa kuingiza mashine na kupunguza magenge. Na wao waliahidi kuchangia mfuko wa dola milioni 29 katika kipindi cha miaka mitano na nusu. Hakuna kuli aliyesajiliwa kikamilifu ambaye angeachishwa kazi kwa sababu ya mashine. Kazi zikipungua, angelipwa kiwango cha chini cha saa 35 kwa wiki. Na mzee aliyefikia miaka 65 akiwa na utumishi wa miaka 25 aliondoka na kiinua mgongo cha dola 7,920 juu ya pensheni yake. Kazi zilipungua, naam, lakini zilipungua kwa watu kustaafu na nafasi zao kuachwa wazi. Hawakufukuzwa.

Kwa nini walipata walichokipata? Waajiri wa San Francisco hawakuwa na huruma kuliko wenye viwanda wa Nottingham. Tofauti ni wakati. Makuli walikaa mezani siku ambayo bila wao shehena isingesogea. Wafumaji walikwenda Bungeni wakati ujira wao umeshaanza kushuka na kila mmoja ana njaa yake. Anayejadiliana mapema huuza ridhaa yake. Anayejadiliana mashine ikiwa imeshafungwa hana cha kuuza tena, anabaki kuomba.

Sitaki niwapambie mkataba ule. Ulikuwa na kasoro, na kubwa kuliko zote ni kwamba uliwalinda waliosajiliwa kikamilifu. Wale wa daraja la pili na vibarua wa siku, waliobeba magunia yale yale, hawakupata dhamana hiyo. Na hata waliolindwa walikuja kugombana na waajiri kuhusu nani ajaze kontena na nani aajiriwe wa kudumu, hadi ukazuka mgomo mrefu wa 1971. Ila linganisheni na London. Huko, kuanzia 1968 hadi 1970, chama cha makuli kilikataa kuhudumia kontena katika bandari ya Tilbury. Siwalaumu, kazi yao ilikuwa ya mashaka tangu enzi za babu zao, na hawakuwa na sababu ya kuamini ahadi ya mtu. Lakini shehena ilihamia Felixstowe, bandari ndogo ambayo haikubanwa na mfumo wa kazi wa bandari kubwa, nayo ikakua. Magati ya London yakafungwa moja baada ya jingine, na yale ya mwisho, yaliyoitwa Magati ya Kifalme (Royal Docks), yakafunga milango mwaka 1981.

Nitagusa kwa haraka mfano ambao wenye matumaini huupenda. Mashine ya kwanza ya kutolea pesa ya benki ya Barclays ilifungwa Enfield, London, mwaka 1967. Watu walidhani keshia amekwisha. Nchini Marekani idadi ya makeshia iliendelea kukua kwa miongo kadhaa baada ya hapo, kwa sababu tawi la benki likawa rahisi kuliendesha, benki zikafungua matawi mengi zaidi, na keshia akaacha kuhesabu noti akaanza kushughulika na wateja. Mfano ni wa kweli. Ila wanaousimulia huishia njiani: simu za mkononi zilipoanza kufanya shughuli za benki, idadi hiyo nayo ikaanza kushuka. Teknolojia moja huongeza kazi na nyingine huipunguza, na mara nyingi huwezi kujua ipi ni ipi hadi iwe imeshakupita.

Mfano unaonigusa zaidi ni wa waunganishaji simu. Mwanzoni mwa karne ya 20, Marekani, msichana aliyeketi mbele ya ubao akiunganisha waya ndiye aliyefanya simu ifike. Ilikuwa moja ya kazi kubwa za wasichana mijini. Almon Strowger alipata hataza ya swichi ya kujiendesha mwaka 1891, na kuanzia miaka ya 1920 makampuni yakawa yanabadilisha mji baada ya mji. Wachumi James Feigenbaum na Daniel Gross waliwafuatilia wanawake wale kupitia kumbukumbu za sensa. Walikuta kwamba wasichana waliokuwa wanaingia sokoni baada ya mabadiliko walipata kazi nyingine, kama za ukatibu na za mikahawani. Kwa ujumla ajira ya wasichana haikuanguka. Lakini wanawake waliokuwa tayari wameketi kwenye ubao mashine ilipofika, hasa wenye umri mkubwa, walionekana muongo mmoja baadaye katika kazi za ujira mdogo zaidi au bila kazi kabisa. Soko lilikipokea kizazi kilichofuata. Wao halikuwapokea.

Ukiona mwenzio ananyolewa, zako tia maji. Basi tuje kwetu sisi wa leo, na akili mnemba.

Mwaka 2023 Shirika la Kazi Duniani, ILO, lilichapisha uchambuzi wa kazi ambazo programu za kuzalisha maandishi zinaweza kuzigusa. Kundi lililoonekana kuwa katika hatari kubwa ni la kazi za ukarani: karibu robo ya majukumu yao yaliwekwa katika kiwango cha juu cha kuathirika. Na kwa kuwa makarani wengi duniani ni wanawake, wao wangeathirika zaidi kuliko wanaume. Kazi nyingine nyingi, ripoti ilisema, zitabadilika zaidi kuliko kufutika. Nayachukua haya kwa uzito, lakini kama tahadhari. Utabiri katika jambo hili umewaaibisha hata magwiji. Mwaka 2016 Geoffrey Hinton, mmoja wa waasisi wa teknolojia hii na mshindi wa Nobel ya Fizikia ya 2024, alishauri tuache kufundisha madaktari wa kusoma picha za eksirei, kwa kuwa ndani ya miaka mitano mashine ingewashinda. Mashine zimekuwa hodari kweli, na madaktari hao bado wanahitajika. Kama vyuo vingemsikiliza, wagonjwa wangeumia. Kwa hiyo msijenge mkataba wenu juu ya utabiri wa mtu yeyote. Jengeni mkataba utakaowafaa utabiri ukitimia na usipotimia.

Kinachoninyima usingizi kuliko idadi ya kazi ni kazi za wanaoanza. Kila bingwa aliyemo humu alijifunza kwa kupewa kazi ndogo na za kuchosha: kupanga faili, kuandika rasimu ya kwanza, kukagua hesabu, kurekebisha kosa dogo la programu, kutafsiri barua isiyo na uzito. Hizo hasa ndizo mashine inazozifanya sasa kwa sekunde. Mwajiri mmoja mmoja akiacha kuajiri wanaoanza, anaokoa pesa mwaka huu. Wakiacha wote, baada ya miaka 15 hatutakuwa na mtu mwenye uzoefu wa kutosha kuiambia mashine kwamba imekosea. Waalimu wa vyuo vya ufundi mnalielewa hili kuliko sisi: ujuzi hauingii kwa kusoma maelekezo, unaingia kwa kushika kazi chini ya jicho la anayeijua. Naamini nafasi za uanagenzi zinastahili kuandikwa kwenye mikataba kama idadi, kwa kila idara, na si kuachwa kwa hisani ya meneja.

Tena tusidhani mashine inagombea tu mikono yetu. Siku hizi inagombea pia kiti cha msimamizi. Programu inapanga zamu, inapima kasi ya mtu ghalani, inafunga akaunti ya dereva bila mtu wa kumuuliza kwa nini. Umoja wa Ulaya ulipitisha mwaka 2024 maelekezo ya kisheria kuhusu kazi za kwenye majukwaa ya mtandao, na mojawapo ya masharti yake ni kwamba uamuzi wa kumfungia mfanyakazi akaunti ufanywe na binadamu. Ni sharti dogo mno. Na bado mahali pengi duniani halipo.

Wapo waliokwisha kukaa mezani mapema. Mwaka 2023 waandishi wa filamu na televisheni wa Marekani waligoma kwa siku 148. Walikuwa na madai mengi, na akili mnemba ilikuwa mojawapo. Mkataba walioupata haukuipiga marufuku. Ulisema kwamba programu haihesabiwi kuwa mwandishi, kwamba kampuni haiwezi kumlazimisha mwandishi kuitumia, na kwamba akipewa maandishi yaliyotokana nayo lazima aambiwe. Wanachama wao ni maelfu kadhaa tu, lakini walidai wakati ambapo programu hizo zilikuwa bado changa.

Sasa niseme na waajiri, kwa heshima. Mara nyingi mnatuambia: tutawafundisha upya wafanyakazi. Tunaishukuru nia hiyo. Lakini mafunzo yasiyo na kazi mwisho wake ni kuahirisha huzuni. Mafunzo yanayofanywa usiku, kwa gharama ya mfanyakazi, baada ya barua ya kuachishwa kufika, si mafunzo mnayopaswa kujivunia. Sweden wana taasisi, tangu miaka ya 1970, zinazoendeshwa kwa pamoja na waajiri na vyama, na waajiri huchangia sehemu ndogo ya jumla ya mishahara kila mwaka, kazi zikiwepo. Mtu akipewa notisi, ana mshauri, ana mafunzo, ana msaada wa kutafuta kazi. Mchango mdogo unaotolewa kila mwaka, wakati kampuni ina nguvu, humfaa mfanyakazi kuliko ahadi kubwa inayotolewa siku ya kupunguza watu.

Na niseme na viongozi wenzangu wa vyama, kwa ukali kidogo. Kwa hesabu za ILO, karibu asilimia 60 ya watu wanaofanya kazi duniani wako katika ajira isiyo rasmi. Hawana mkataba wa hali bora, hawana notisi, hawana kiinua mgongo. Tukirudia kosa la mkataba wa 1960, tukawalinda wenye kadi na kuwaacha vibarua nje ya geti, tutakuwa tumefanya nusu ya kazi, na nusu iliyo rahisi. Kwa watu hao mkataba hautoshi. Inahitajika sheria, na sheria haiji bila sisi wenye vyama kuidai kwa niaba ya wasio na chama.

Kwa mikataba inayokuja kujadiliwa, naomba kipengele kimoja kitangulie vingine vyote: taarifa. Mwajiri anapofikiria kununua mfumo utakaobadilisha kazi, chama kijulishwe kabla ya kununuliwa na si baada ya kufungwa. Kijulishwe utafanya nini, utagusa nani, na data za wafanyakazi zitakwenda wapi. Baada ya hapo ndipo tuzungumze muda wa mafunzo unaolipwa, mgawo wa faida inayopatikana, wazee wanaotaka kustaafu mapema kwa heshima, na vijana wanaohitaji nafasi ya kujifunza. Bila kipengele hicho cha kwanza, vingine vyote tutavijadili tukiwa wafumaji wa 1808.

Waajiri mko hapa, na wawakilishi wa wafanyakazi wako mbele yenu. Mwenyekiti akiniruhusu, nawaachia swali la kwanza la mjadala, na naomba lijibiwe leo na kila kampuni kwa zamu: mwakani mnapanga kununua mifumo gani, na ni idara zipi itakazozigusa?